Mraibu Hashindwi kwa Hoja: Dhana Potofu Kuhusu Mazungumzo ya Kuamsha Nia

Katika mitaa ya Malindi, na vilevile katika vichochoro vya mji wa kale wa Lamu, familia yenye kijana anayevuta au kujidunga unga, yaani heroini, huwa imekwisha kujaribu kila aina ya maneno kabla ya kufika kwa mshauri nasaha. Imemsihi, imemgombeza, imemwitia wazee, imemsuta mbele ya majirani, imemwapisha kwa Msahafu. Inapofika kliniki hutarajia kwamba mtaalamu atayasema yaleyale kwa ukali zaidi, na inaposikia kwamba mshauri amekaa saa nzima akimsikiliza kijana bila kumkaripia hata mara moja, hukasirika. Hasira hiyo naielewa, kwa kuwa inatoka katika mapenzi na uchovu. Hata hivyo, imejengwa juu ya dhana kadhaa ambazo si sahihi, na dhana hizo huwagharimu watu afya yao.

Njia ninayoizungumzia wengi huiita mahojiano ya kuhamasisha. Mimi nachagua kuiita mazungumzo ya kuamsha nia, kwa sababu neno mahojiano humkumbusha mtu wa kwetu kituo cha polisi, na neno kuhamasisha humletea picha ya msemaji mwenye kipaza sauti. Njia yenyewe ilielezwa kwa maandishi kwa mara ya kwanza mwaka 1983 na William R. Miller, mwanasaikolojia wa Marekani, baada ya kukaa Norwe, ambako wanasaikolojia vijana aliokuwa akiwafundisha walimtaka aeleze kila mara kwa nini alimwambia mgonjwa neno hili wala si lile. Baadaye aliungana na Stephen Rollnick, mzaliwa wa Afrika Kusini aliyefanya kazi Wales, wakatoa kitabu chao cha kwanza mwaka 1991. Dhana potofu zilienea kiasi kwamba mwaka 2009 wenyewe walilazimika kuandika makala ya kueleza mambo kumi ambayo njia yao siyo.

Dhana: Kumsikiliza mraibu bila kumkaripia ni kumdekeza

Hii ndiyo dhana iliyoota mizizi kuliko zote, nayo inastahili kujibiwa kwa mfano. Tuseme mvuvi wa Malindi, baba wa watoto watatu, ameletwa kliniki na mama yake. Mfano huu nimeuunda mwenyewe, lakini mtu yeyote aliyewahi kukaa katika chumba cha unasihi atautambua. Mvuvi anaanza hivi: "Dada, mimi nimeletwa na mamangu. Unga wenyewe siuoni kama ni tatizo. Navuta nipate nguvu za kwenda baharini."

Mshauri wa kwanza anamjibu: "Kaka, huoni ulivyokonda? Hujui kwamba unga unaua? Wanao watakula nini ukifa?" Naye mvuvi anasema: "Mbona wapo waliovuta miaka ishirini na wako hai? Na wanangu hawajalala na njaa hata siku moja." Tazama lililotokea. Kila hoja ya mshauri imezaa hoja ya kuutetea unga, na aliyeitoa ni mgonjwa mwenyewe, kwa kinywa chake, na binadamu huyaamini zaidi yale anayojisikia akiyasema. Mshauri amesema kweli tupu, na mvuvi ametoka mlangoni akiwa ameshikamana na unga kuliko alivyoingia.

Mshauri wa pili anamjibu kwa utulivu: "Kwa hiyo hukuja kwa kupenda kwako, na unga ndio unaokuwezesha kuingia baharini."

"Ndiyo, dada. Lakini zamani nilikuwa naenda bila kitu."

"Zamani uliweza."

"Niliweza. Sasa nikiukosa asubuhi, arosto (mateso ya mwili kwa kuukosa unga) inanishika, hata nyavu siwezi kuzivuta. Juzi wenzangu waliniacha ufuoni."

"Na kuachwa ufuoni kukakuuma."

"Kuliniuma sana. Mwanangu wa kwanza alikuwa pale, akaniona."

Mshauri huyu hakuuliza swali hata moja, na wala hakumsifu mvuvi kwa kuvuta. Alichofanya ni kuakisi, yaani kumrudishia mtu maana ya maneno yake, na katika kuakisi huko alichagua. Mvuvi alisema mambo mawili, kwamba unga humpa nguvu na kwamba zamani alienda bila unga, na mshauri akalishika la pili. Mtu anayesitasita huwa na sauti mbili ndani yake, moja ya kuacha na moja ya kuendelea. Anayemjia kwa sauti ya kuacha humlazimisha abaki na ile ya kuendelea, hata kama moyoni zilikuwa sawasawa. Kazi ya mshauri ni kuisikia sauti ya kuacha ilipo hafifu na kuipa nafasi ya kukua. Hilo ni jambo gumu kuliko kukaripia, kwa sababu kila mmoja wetu, hasa aliyefunzwa kusaidia, ana silika ya kulinyoosha jambo papo hapo anapoliona limepinda.

Wala si suala la upole kwa ajili ya upole. Mwaka 1993 Miller na wenzake walichapisha utafiti wa watu 42 wenye matatizo ya pombe, na wakaona kwamba kadiri mtaalamu alivyozidi kumbana na kumpinga mgonjwa katika mazungumzo, ndivyo mgonjwa huyo alivyokunywa zaidi mwaka mmoja baadaye. Yule anayedhani kwamba ukali ni dawa chungu yenye kuponya anapaswa kulitafakari tokeo hilo kwa dhati.

Dhana: Ikiwa si kukaripia, basi ni ujanja wa kumzunguka mtu

Wengine huvuka upande wa pili na kusema kwamba mshauri anamtega mgonjwa. Ni kweli kwamba mshauri ana mwelekeo: hapo kwenye mfano alitaka mvuvi aukaribie uamuzi wa kuacha. Lakini maneno ya kutaka kubadilika hayawezi kupandwa ndani ya mtu asiyekuwa nayo. Huibuliwa tu kutokana na anayoyathamini mwenyewe, na uamuzi hubaki mkononi mwake, pamoja na haki ya kusema hapana. Mshauri anayetumia mbinu hizi kwa faida ya mwingine, iwe ya mwajiri, ya polisi au hata ya familia, dhidi ya maslahi ya mgonjwa, amekwisha kutoka nje ya njia hii.

Dhana: Asiyekubali kuwa ana tatizo asubiriwe mpaka aanguke kabisa

Penye nia pana njia, husema wazee, na maneno hayo yamegeuzwa kuwa hukumu: fulani hana nia, basi mwacheni. Ukweli ni kwamba nia haifanani na taa inayowaka au kuzimika. Ina viwango, na hupanda na kushuka kutegemea pia nani anazungumza na mtu na kwa namna gani. Njia hii iliundwa hasa kwa ajili ya yule ambaye bado hajaamua.

Mojawapo ya zana zake ni kipimo chepesi. Mgonjwa huulizwa: kutoka 0 hadi 10, kuacha kuna umuhimu gani kwako sasa hivi? Akisema 4, mtu wa kawaida angemuuliza kwa nini si 9, naye angeorodhesha vikwazo vyake vyote. Mshauri aliyefunzwa huuliza kwa nini ni 4 wala si 1, na jibu la swali hilo, lolote litakalokuwa, ni sababu ya kubadilika. Kisha huuliza kwa kipimo hichohicho juu ya imani ya mtu kwamba ataweza, maana wapo wengi ambao umuhimu kwao ni 10 na imani ni 2, na hao kuwahubiria juu ya ubaya wa unga ni kuwaongezea aibu bila kuwapa uwezo.

Kungoja mtu aanguke kuna hatari ya wazi, kwa sababu katika unga kuanguka kwa mwisho mara nyingi ni kifo. Wala kumfungia chumbani ili aache kwa nguvu si salama. Mnywaji wa pombe wa muda mrefu akikatizwa ghafla bila daktari anaweza kupata degedege na kufa, na aliyeacha unga kwa wiki chache huwa mwili wake umepoteza ustahimilivu, hivyo akirudia kipimo cha zamani anaweza kuacha kupumua.

Dhana: Maneno yanatosha, au dawa inatosha

Huko Malindi kliniki ya methadoni, dawa inayotolewa badala ya unga, ya hospitali ya serikali ilianza mwaka 2015, na wanaohudumiwa huanza kwa kufika kila siku kuinywa dawa mbele ya mhudumu. Wapo wanaosema kwamba anayekunywa methadoni hahitaji mazungumzo, na wapo wanaosema kwamba mwenye nia ya kweli hahitaji methadoni. Wote wanakosea. Dawa huituliza arosto ili mtu aweze kufikiri, na mazungumzo humsaidia kujibu swali la kwa nini aamke kesho kwenda kliniki tena. Na tusiyatukuze mazungumzo kupita kiasi. Mapitio ya mwaka 2011 ya Cochrane, mtandao wa kimataifa unaokusanya na kupima tafiti za tiba, yaliyojumuisha tafiti 59 na watu zaidi ya 13,000, yalionyesha kwamba njia hii hupunguza matumizi ya vileo na dawa za kulevya ikilinganishwa na kutotibiwa, kwamba athari yake hupungua kadiri muda unavyopita, na kwamba haikuzishinda tiba nyingine. Faida yake kubwa ni ufupi. Katika utafiti wa Marekani uliojulikana kama Project MATCH, wenye watu 1,726, vikao vinne vya tiba iliyojengwa juu ya njia hii vilitoa matokeo yaliyokaribiana na ya vikao kumi na viwili vya tiba nyingine mbili. Kwa hospitali yenye mshauri mmoja na foleni ndefu, hilo si jambo dogo.

Dhana: Ni ya waraibu peke yao

Mtu mwenye wasiwasi uliopindukia naye husitasita, kwani wasiwasi humchosha na papo hapo humpa hisia kwamba anawalinda watoto wake. Henny Westra na wenzake nchini Kanada walichapisha mwaka 2016 utafiti ambamo waliochanganyiwa njia hii na tiba ya kubadili fikra na tabia walikuwa na hali bora mwaka mmoja baadaye kuliko waliopewa tiba hiyo peke yake. Mipaka ipo, hata hivyo. Anayesikia sauti zisizokuwepo kiasi cha kutojitambua, au anayepanga kujiua leo, anahitaji usalama na daktari kwanza.

Dhana: Haya ni mambo ya kigeni yasiyoendana na dini wala adabu zetu

Kwa mshauri anayelazimisha vitabu vya ugenini, huenda. Lakini moja ya taratibu za njia hii ni kuomba ruhusa kabla ya kutoa nasaha, kuitoa kwa ufupi, kisha kumuuliza mwenzako ameipokeaje. Kijana wa Lamu anayezungumza na mzee hufanya hivyo bila kufundishwa: "Shikamoo babu, naomba uniruhusu niseme jambo." Kasoro yetu ni kwamba adabu hiyo tunaipandisha juu tu, kwa wakubwa, na kumnyima yule tunayemwita teja. Na mtu anapoulizwa analolithamini, hapa kwetu jibu mara nyingi ni sala aliyoiacha, watoto, au nafasi yake barazani. Hakuna anayemzuia kuyasema hayo, ilimradi yatoke kwake, na ilimradi anajua kwamba hayatafika mtaani, kwani katika mji ambao kila mtu ni jamaa ya mwenzake siri ikivuja mara moja mshauri amekwisha.

Semina ya siku mbili, niseme kwa kupita, haimfanyi mtu kuwa stadi. Utafiti wa mwaka 2004 uliowahusisha wataalamu 140 ulionyesha kwamba waliohudhuria mafunzo bila kusikilizwa na kusahihishwa baadaye walipoteza sehemu kubwa ya walichokipata ndani ya miezi minne.

Familia haitakiwi kuwa kliniki, lakini nayo inaweza kuanza na dogo. Mama ambaye mwanawe amekuja kula nyumbani jana usiku, baada ya wiki nzima ya kutoonekana, anaweza kuziacha kando zile shutuma alizoziandaa na kumwambia: "Mwanangu, jana umekula nasi. Ilikuwaje ukaja?" Kisha anyamaze, hata kama kimya kitakuwa kirefu, mpaka kijana aseme mwenyewe.