Katuni za zamani hazikuchorwa upya kila picha

Wengi wanaamini kwamba katuni fupi za vichekesho za Marekani za miaka ya 1940 zilichorwa na msanii mmoja, kila picha ikianza upya, mandhari na wahusika pamoja. Filamu hupitisha picha 24 kwa sekunde, hivyo dakika 7 ni picha 10,080.

Kazi ilikwenda vingine. Mandhari ilipakwa rangi mara moja. Wahusika walihamishiwa kwenye karatasi za seluloidi, plastiki inayopitisha mwanga, zilizolazwa juu yake, mistari ya wino mbele, rangi nyuma. Paka akipepesa macho tu, mwili uliweza kubaki uleule. Mchoraji mkuu alichora mikao muhimu, wasaidizi wakajaza ya katikati, na mara nyingi mchoro mmoja ulipigwa picha mara mbili. Kwangu, ustadi wa kujua wapi pa kubana ndio unaostahili sifa.

Ukitaka kuhakikisha, simamisha video kwenye kompyuta, uisogeze picha moja moja. Utaona mikao ikijirudia. Angalia pia jiwe linalokaribia kuanguka: mara nyingi rangi yake inatofautiana na ya mawe ya jirani, kwa sababu lilichorwa kwenye seluloidi, si kwenye mandhari.