Sauerbraten: usiidai siki kazi ya moto

Waswahili wenzangu tunaoishi nao Ujerumani huniuliza jambo moja kuliko yote kuhusu Sauerbraten, ile nyama ya Kijerumani inayolowekwa kwenye siki kisha kupikwa taratibu: nyama ilowekwe siku ngapi ndipo ilainike? Kuna walioambiwa tatu, kuna walioambiwa kumi. Kazi yangu ni upishi, na vyakula vya Rheinland, eneo la magharibi mwa Ujerumani, ndivyo ninavyovipika zaidi, kwa hiyo nitasema wazi: siku nne au tano zinatosha, na nyama italainika ikiwa motoni.

Ikate nyama iliyolala kwenye siki siku nne kabla hujaipika, utajionea. Pembeni ina ukingo wa kijivu, milimita chache tu, na katikati bado ni nyekundu kama ilivyotoka buchani. Siki imeishia hapo. Chumvi hupenya zaidi, ndiyo maana naitia tangu siku ya kwanza. Ukizidisha siki ukidhani unaharakisha mambo, nyama ya nje inamung'unyika na ya ndani inabaki vilevile. Siki tunaiweka kwa ajili ya ladha, na ladha hiyo baadaye inaingia kwenye mchuzi.

Kwa kilo moja na nusu ya nyama mimi hutumia mililita 250 za siki ya divai nyekundu na mililita 500 za maji, vitunguu viwili, karoti mbili, kipande cha mzizi wa selari, majani mawili ya bay, karafuu nne, pilipili manga nzima, punje za haradali, na vitunda vyeusi vya Wacholder, mti wa jamii moja na mtarakwa. Vitunda hivyo viponde kidogo tu, vipasuke. Chemsha vyote, acha vipoe kabisa, ndipo uitumbukize nyama. Mapishi mengi hutia divai nyekundu mahali pa sehemu ya maji. Asiyetumia kilevi asidhani anakosa kitu: wapo wenyeji wa Rheinland wanaopika kwa siki na maji tu, na siki ya tufaha inafaa. Tumia bakuli la kioo au sufuria ya chuma cha pua. Sufuria za alumini, ambazo wengi wetu tumezizoea, ziepuke hapa, maana siki huila alumini na chakula kikapata ladha ya chuma. Weka kwenye friji, geuza nyama kila siku.

Zamani Rheinland chakula hiki kilipikwa kwa nyama ya farasi. Leo wengi hutumia ng'ombe. Muombe muuza nyama kipande cha bega kiitwacho Schaufelstück. Kina mshipa mnene unaopita katikati, na wateja wengi hukikwepa kwa sababu ya mshipa huo. Mimi nakifuata kwa sababu hiyohiyo. Ukipikwa taratibu kwa saa nyingi, mshipa unageuka ute laini unaong'aa, na ute huo ndio unaoipa nyama unyevu. Mnofu mtupu wa paja, hata ukilowekwa mwezi mzima, utakuwa mkavu.

Siku ya kupika, itoe nyama na uifute hadi ikauke kabisa, la sivyo itachemka badala ya kukaangika. Chuja maji ya siki, uyahifadhi. Kaanga nyama kwenye mafuta ya moto kila upande hadi iwe kahawia iliyokolea, kaanga na mboga zile, kisha mimina maji ya siki hadi nusu ya kimo cha nyama. Funika. Moto uwe mdogo, vipovu vije kimojakimoja, saa mbili na nusu au tatu. Uma ukiingia na kutoka bila kuvutana na nyama, imeiva.

Sasa mchuzi, sehemu ninayoipenda kuliko zote. Ukiuonja hapa utakunja uso kwa ukali, na wengi hukimbilia kumwaga maji. Usimwage. Uchuje, kisha tia konzi ya zabibu kavu, kijiko cha Rübenkraut, yaani shira nyeusi ya kiazisukari, na Printen zilizosagwa, zile biskuti ngumu za viungo kutoka Aachen. Zisiwe na chokoleti. Printen hufanya kazi mbili, kuongeza utamu na kuufanya mchuzi uwe mzito, ila hushika chini haraka, kwa hiyo koroga bila kuondoka. Wahamiaji wa Kijerumani kule Marekani walizoea kutumia biskuti za tangawizi, na aliye Nairobi au Dar es Salaam anaweza kufanya hivyo bila wasiwasi. Onja, ongeza kidogo, onja tena. Unatafuta uchachu unaotangulia na utamu unaoufuata mara moja.

Ipumzishe nyama robo saa, ikate kwa kukingama nyuzi zake, vipande vya unene wa sentimita moja. Wenyeji huila na madonge ya viazi, kabichi nyekundu na tufaha zilizopondwa. Ukiwa na wageni, ipike jana yake. Ikipoa kabisa inakatika bila kuvunjika, na vipande vyake huvipasha ndani ya mchuzi kwa moto mdogo.