Je, wajua kwa nini sketi ya kitanda huhama hata ikilaliwa na godoro zito?

Sketi ya kitanda ni kile kitambaa chenye marinda kinachoning'inia kuanzia usawa wa chaga mpaka karibu na sakafu, kinaficha uvungu na kila kilichosukumiwa humo, na kinapunguza vumbi kidogo. Kinachoonekana ni marinda tu, ila sketi nyingi zina shuka pana katikati linalotandazwa juu ya chaga, au juu ya boksi (lile fremu lililovikwa kitambaa linalokaa chini ya godoro) kwa vitanda vyenye boksi, halafu godoro ndo linakuja juu yake. Marinda yanashikiliwa na hilo shuka. Shuka likihama na marinda yanahama, upande mmoja yanapanda mpaka uvungu unaonekana na upande wa pili yanaburuza chini.

Sasa mi kwa muda mrefu niliamini dawa ya hili ni uzito. Mtu akilalamika sketi yake haitulii namwambia godoro lako jepesi hilo, weka zito uone. Na hoja yenyewe inaonekana haina pa kuipinga, kitu kizito kikikalia kitambaa kitambaa hakiendi popote, we jaribu kuvuta shuka chini ya mtu aliyelala kama utaliweza. Basi likaja godoro la latex, yaani la mpira, ambalo kwa kitanda kipana linaweza kuzidi kilo 50 bila shida, nikavalisha sketi kwa jasho, nikainyoosha vizuri, halafu nikashona kipande cha uzi mwekundu kwenye shuka pale pale linapopita ukingo wa mfumbati wa kushoto, nione kama kitasogea. Baada ya wiki mbili uzi ulikuwa umeingia ndani upana wa vidole viwili, na kulia marinda yamelala sakafuni. Na hilo ndo godoro zito kuliko yote niliyowahi kulalia.

Kosa langu lilikuwa wapi? Nilikuwa nafikiria upande mmoja tu wa shuka, ule unaogusa chaga, nikasema uzito unaubana pale, haondoki mtu. Ni kweli unaubana. Lakini shuka lina pande mbili, na uzito ule ule unaolikandamiza kwenye chaga unaligandamiza godoro kwenye shuka pia. Kwa hiyo godoro linapojisogeza, na linajisogeza kila mtu anapokaa ukingoni, anapogeuka, anapovuta shuka la kulalia kulichomekea, linataka kuondoka na kitambaa kilichonasa tumboni mwake.

Mwanafizikia Mfaransa Guillaume Amontons aliandika mwaka 1699 kwamba msuguano huongezeka kwa kadiri mzigo unavyoongezeka, mzigo ukiwa mara mbili na msuguano mara mbili. Mtu akisikia hivyo anasema si ndo hapo, zito linashika zaidi! Ndiyo, ila linashika zaidi juu na chini kwa pamoja.

Fikiria mchezo wa kuvuta kamba. Shuka ni kile kitambaa kinachofungwa katikati ya kamba, godoro ni timu moja, chaga ni timu ya pili. Tuseme timu ya godoro ina watu 4 na ya chaga ina 3, kamba inaenda kwa godoro. Sasa ongeza uzito mara mbili, godoro 8 na chaga 6. Nani anashinda? Yule yule. Ongeza mara tatu, 12 kwa 9, hakuna kilichobadilika isipokuwa kamba imekazwa zaidi. Kinachoamua mshindi ni nani ana mshiko mzuri kwa kila kilo anayopewa, na hapo godoro mara nyingi lina faida kwa sababu kava lake ni la kufumwa, lina vinyweleo na mikunjo, wakati chaga ni mbao zilizorandwa zikapigwa vanishi, zinateleza.

Au chukua karatasi uiweke kati ya meza laini na kitabu chenye jalada la kitambaa, halafu sukuma kitabu. Karatasi inaenda na kitabu. Weka vitabu vitano juu yake usukume tena, utatumia nguvu zaidi ila karatasi bado inaenda na kitabu. Geuza sasa, weka karatasi juu ya kitambaa kikavu cha pamba na juu yake kitabu chenye jalada linaloteleza, na karatasi itabaki ilipo.

Hapa ndo nilikosea mara ya pili. Nilinunua ule wavu wa mpira unaowekwa chini ya zulia lisiteleze, nikautandaza juu ya sketi, chini ya godoro, nikiamini nimelidhibiti godoro. Kumbe nimeiongezea watu timu iliyokuwa inashinda, sketi ikawa inahama na godoro kama imegundishwa. Wavu unatakiwa kuwa chini ya shuka la sketi, kati yake na chaga. Ukiwa chini, godoro likisogea linateleza juu ya shuka na shuka linabaki. Ukitaka na godoro litulie weka wavu pande zote mbili, lakini wa chini ndo wa kwanza.

Kuna jambo lingine ambalo mimi linanifurahisha sana. Godoro huwa linaenda na kurudi, kulia kidogo, kushoto kidogo, kwa nini sasa shuka lisirudi nalo? Kwa sababu kitambaa kinavutika lakini hakisukumiki, kama kamba tu, ukiivuta inakuja ukiisukuma inajikunja. Godoro likienda linavuta shuka, likirudi shuka linajikunja mikunjo midogo hapo hapo, na ile milimita iliyoingia imeshaingia. Nyanyua godoro lililokaa miezi utaikuta hiyo mikunjo katikati, myembamba, imepigwa pasi kabisa na uzito.

Niseme tu kwamba hesabu ya Amontons kwa vitambaa na mpira ni ya kukadiria, vitu laini vinabonyea na haviifuati sawasawa, kwa hiyo usichukue ule mfano wa 4 kwa 3 kama kipimo cha kitanda chako. Jaribu kwa mkono, bana kipande cha kitambaa kinachofanana na sketi kati ya godoro na chaga kwenye kona, sukuma godoro, angalia kinaenda na nani.

Ambapo uzito una maana kweli ni kwenye kuvalisha. Usivute sketi kutoka nje godoro likiwa limekaa, maana hapo unapigana na msuguano wa juu na wa chini kwa wakati mmoja na kitakachoachia kwanza ni mshono wa marinda. Wala huhitaji kulishusha godoro lote. Ukinyanyua ncha moja ncha nyingine ikiwa imelala, unabeba takriban nusu, godoro la kilo 60 linakuwa kama 30, na likiwa la kupinda unabeba hata pungufu, sehemu iliyoachana na chaga tu. Viringisha sketi kama mkeka, mmoja anyanyue mchagoni mwingine aweke ule mviringo na anyooshe kona mbili, shusheni, kisha nyanyueni ubavuni mkiukunjua kidogo kidogo kuelekea miguuni, mkipeleka na wavu wake chini. Godoro la springi msilikunje mara mbili ili kupata nafasi, springi zinaharibika.

Ukiwa peke yako afadhali sketi isiyo na shuka la katikati, kuna za lastiki zinazozunguka boksi na kuna za kunasa kwa velkro kwenye mfumbati. Hizo haziko kwenye vuta nikuvute ya godoro na chaga kabisa. Pini za kuzungusha, zile zilizojisokota kama skrubu, nazo zinafaa, ila kwa boksi lililovikwa kitambaa, mbao hazizipokei.

Uzi wangu mwekundu bado upo, sikuufumua. Wavu uko chini mwezi wa tatu sasa, na asubuhi hii nimenyanyua marinda nikauangalia, uko pale pale kwenye ukingo.