Nani akamue ng'ombe?

Ukitoka Tukuyu wilayani Rungwe, ukapita Uyole na kushuka hadi bonde la Usangu, bado uko mkoa wa Mbeya, lakini mambo yanageuka. Kwa mila za Wanyakyusa wa Rungwe, ng'ombe ni shughuli ya wanaume: wavulana walichunga na kukamua, na nyumba za mianzi zilijengwa na wanaume. Kwenye maboma ya Wamaasai kule bondeni, Mbarali, anayekamua alfajiri, kibuyu mkononi, ni mama, na nyumba anayolala kaijenga mwenyewe. Ng'ombe hana habari.

Tukisema jinsia, yaani kazi na tabia zinazoitwa za kike au za kiume, hufunzwa, wengi hudhani tunakana kwamba kuna mwanamke na mwanaume. La hasha. Mimba na kunyonyesha ni mambo ya mwili. Mengine mengi ni mazoezi ya tangu utotoni, na aliyeyazoea hayaoni.

Mgeni njoo, mwenyeji apone. Monica Wilson, mwanaanthropolojia wa Afrika Kusini aliyeishi Rungwe miaka ya 1930, aliandika kwa kirefu jinsi mke wa Kinyakyusa alivyomkwepa baba mkwe: asikutane naye njiani, ajifunike, ageukie pembeni. Kwa wenyeji hiyo ilikuwa heshima tu. Yeye, kwa kuwa hakulelewa hapo, aliziona hatua zake moja moja.

Nawe mtazame binti anaponawisha wageni. Magoti hukunjwa kabla jagi halijainama. Akisahau, shangazi humgusa bega bila kusema neno. Kaka yake akishika jagi lile lile husimama wima, na hakuna anayekohoa. Miaka michache baadaye magoti hujikunja yenyewe, watu waseme kazaliwa na adabu. Sina ugomvi na adabu. Ningependa tu na kaka apige magoti.

Shida huanza pale mazoea yanapoingia kwenye fedha. Siku hizi Rungwe ng'ombe wa maziwa hufugwa bandani, na kina mama wengi ndio wanaokata majani, kulisha na hata kukamua. Kazi imeshahama, malipo mara nyingi bado yako kwa baba, kwa sababu "ng'ombe ni wa mwanaume". Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 inampa mwanamke haki sawa na mwanaume ya kumiliki ardhi, lakini kitabu cha maziwa, kinachoonyesha nani kauza na nani alipwe, hujazwa na kikundi chenyewe cha wafugaji. Mnapoandikisha wauzaji, andikeni majina mawili, la mke na la mume, na wote wawili wasaini malipo.