Je, wajua kwa nini vita vya kugombea mashine ya wakati havipati mshindi?

Kwenye vibanda umiza, yale mabanda ya kuonyeshea filamu, vya Manzese na Tandika, filamu za kurudi nyuma ya wakati huwa na dakika yake ngumu. Jeshi moja limeiteka mashine, limerudi miaka 50, limeufuta ushindi wa adui, na mtafsiri ananguruma kwamba vita vimekwisha. Hapo hakosekani mtu wa benchi la nyuma: "Sasa hao wengine si nao watarudi juzi yake?" Mtafsiri anapandisha sauti, filamu inaendelea. Mimi naona huyo wa benchi la nyuma ndiye mwenye hoja.

Tuipime hoja yake hapa hapa Dar. Katika miaka ya 1860 Sultani Majid wa Zanzibar alianza kujenga mji jirani na kijiji cha Mzizima. Boma la Kale, lile jengo la mawe linalotazamana na bandari, limebaki tangu enzi hizo. Majid alifariki Oktoba 1870, nduguye Barghash akakalia kiti na kuutelekeza mradi. Mji ukadorora. Wajerumani walifika 1887, na 1891 wakahamishia hapa makao makuu ya koloni lao kutoka Bagamoyo.

Sasa chukua pande mbili zenye mashine. Upande wa kwanza unarudi 1870 na dawa, Majid anapona, Dar inakuwa jiji la Sultani. Upande wa pili ukiona hivyo unarudi 1860 na kumshawishi ajenge Kilwa. Wa kwanza nao wanakwenda 1850, kabla hajawa sultani. Kila aliyeshinda anapinduliwa na aliyetangulia kumzidi, na mbio hizo hazina mwisho maana daima kuna jana ya jana.

Kuna na balaa jingine. Tuseme askari aliyempelekea Majid dawa ni mjukuu wa mtu wa Tabora aliyeshuka Dar kwa treni ya reli ya kati, ile iliyoanza kujengwa hapa 1905 na kufika Kigoma 1914. Majid akipona, huenda Wajerumani wasiichague Dar, reli ianzie kwingine, babu asikutane kamwe na bibi. Askari hazaliwi. Nani basi aliyepeleka dawa?

Wanafizikia wana majibu, ila hawakubaliani. Mrusi Igor Novikov alitetea hoja kwamba yaliyopita hayabadiliki: ukirudi, chochote utakachofanya kilikwishafanyika. Kwa kanuni hiyo, dawa yako itamwagika njiani, au pengine wewe ndiye utakayempa Majid ugonjwa. Vita vinaweza kupiganwa, lakini matokeo yake tayari yako vitabuni. Wengine wanashika wazo la Hugh Everett la 1957, la ulimwengu mwingi. Wanasema ukibadili jambo unaingia tawi jingine la historia. Huko unashangiliwa, lakini wenzako uliowaacha nyumbani bado wamepigwa vilevile. Jemadari gani atatoa bajeti kwa ushindi ambao watu wake hawatauona?

Jibu linalonivutia zaidi lilitoka 1988. Mwanafizikia Kip Thorne na wenzake walionyesha kwa hesabu kwamba kama ingewezekana kutengeneza njia ya mkato angani yenye midomo miwili, kisha mdomo mmoja ukasafirishwa kwa kasi inayokaribia ya mwanga na kurudishwa, njia hiyo ingemtoa mtu leo na kumfikisha jana. Hakuna aliyewahi kuijenga, na mwanafizikia mwingine, Stephen Hawking, alikuwa akiamini maumbile yenyewe yangezuia. Ila hesabu ile ina sharti moja: huwezi kurudi nyuma ya siku mashine ilipokamilika. Kabla ya hapo mlango haupo.

Sharti hilo linageuza vita vizima. Majid yuko salama, na 1870 haifikiki. Mbio za kurudi nyuma zinapata ukuta, nao ni siku ile mashine ya kwanza ilipowashwa. Majeshi ya karne zote zijazo yangejazana kwenye tarehe hiyo moja na karakana hiyo moja, kila mmoja akitaka kuwa wa kwanza kushika swichi. Filamu ya namna hiyo ningelipa kiingilio mara mbili.

Kwenda mbele, kwa upande mwingine, ni jambo la kweli kabisa. Albert Einstein alieleza 1905 kwamba saa inayokimbia huenda polepole, na baadaye kwamba saa iliyo mbali na uzito wa dunia huenda haraka. Oktoba 1971 Joseph Hafele na Richard Keating walipanda ndege za abiria wakiwa na saa za atomiki, wakaizunguka dunia, na saa zikatofautiana na zilizobaki chini kama ilivyotabiriwa, kwa sehemu za bilioni za sekunde.

Na hapa ndipo ugomvi halisi ulipo. GPS ni mfumo wa Wamarekani unaoiwezesha simu kujua iko wapi kwa kupima muda wa mawimbi kutoka kwenye setilaiti. Saa za setilaiti hizo, zilizo juu kiasi cha kilomita 20,000, hutangulia za ardhini kwa maikrosekunde (sehemu za milioni za sekunde) 38 hivi kila siku. Zisiporekebishwa, kosa la mahali lingekua takriban kilomita 10 kwa siku, na abiria wa Kariakoo angetafutwa Kawe. Mpaka Mei 2000 Wamarekani walikuwa wakizitikisa saa hizo kwa makusudi ili raia na maadui wapate vipimo vyenye kosa la hadi mita 100, huku jeshi lao likipata vilivyo sahihi. Nani angekubali jirani amshikie saa? Warusi wana mfumo wao, GLONASS, Ulaya ikajenga Galileo, China ikakamilisha BeiDou yake 2020. Simu nyingi za sasa hupokea mifumo yote minne kwa pamoja, na ndiyo maana dereva wa bodaboda anakufikia mpaka mlango wa duka, almradi maghorofa ya Kariakoo hayajaziba anga.