Doukyo: mapenzi yasiyosemwa chini ya paa moja

Katika anime na manga, yaani filamu na vitabu vya katuni vya Kijapani, kuna hadithi za watu wazima wawili wanaokaa nyumba moja bila kuwa wapenzi, na msomaji anajua tangu mapema kwamba hali hiyo haitadumu. Wajapani huita doukyo hali ya kukaa pamoja kwa sababu yoyote ile, iwe udugu, upangaji au kazi. Wapenzi wanaokaa pamoja bila ndoa ni dousei, mtindo wa maisha uliozungumzwa sana miaka ya 1970 baada ya manga ya Kazuo Kamimura, Dousei Jidai, kuanza kuchapishwa mwaka 1972. Hadithi ninazozisema hapa ziko katikati: wahusika wanaapa kuwa yao ni doukyo tu, majirani wanaona dousei, na wenyewe kila siku wanazidi kukosa uhakika.

Mvutano unatoka wapi? Katika hadithi za mapenzi za Kijapani uhusiano kwa kawaida huanza rasmi kwa kokuhaku: mmoja anatamka kwamba anampenda mwenzake, naye anakubali au anakataa. Ukikataliwa, unakwenda kwenu ukalie huko. Lakini huyu aliyekukataa mnatumia naye jiko, na kesho asubuhi mtakutana mlangoni mkivaa viatu. Kusema kunaweza kukugharimu chumba. Ndiyo maana ukimya wa wahusika hawa unaeleweka hata unapochukua miaka. Wana cha kupoteza zaidi ya aibu.

Mfano ambao kwangu haujapitwa ni Maison Ikkoku ya Rumiko Takahashi, iliyochapishwa kati ya 1980 na 1987. Godai, kijana aliyefeli mtihani wa kuingia chuo, amepanga chumba namba 5 katika jengo la mbao lililochakaa. Anakuja msimamizi mpya, Kyoko, mjane ambaye bado ni msichana kwa umri, na mbwa wake anaitwa kwa jina la marehemu mumewe. Aliyewahi kukaa nyumba ya kupanga yenye ua mmoja ataitambua Ikkoku mara moja: jirani wa chumba namba 4 ametoboa ukuta ili aingie kwa Godai apendavyo, na wapangaji wengine wanageuza chumba chake kilabu cha pombe. Hakuna faragha ya kutamka neno la maana. Juu ya hayo, Godai hana pesa na Kyoko ndiye anayesimamia jengo. Utamtongozaje mtu unayedaiwa naye kodi?

Takahashi hakuwaacha wahusika wagande. Miaka inapita, Godai anaingia chuo, anamaliza, anahangaika na ajira, na Kyoko anajifunza polepole kwamba kupenda tena si kumsaliti marehemu. Hadithi nyingi za aina hii hushindwa hapo hapo. Mwandishi anaogopa kuvunja mvutano unaouza vitabu, basi anarudia ajali zile zile: mtu kateleza akamwangukia mwenzake, mtu kafungua mlango wa bafu bila kubisha. Binafsi huwa nafunga kitabu ajali ikifika ya tatu.

Kazi nzuri hutumia mambo madogo ya nyumbani. Anayeingia husema tadaima, nimerudi. Aliyemo hujibu okaeri, karibu nyumbani. Siku ya kwanza ni adabu tu. Baadaye mtu anarudi akakuta kimya, na hapo anagundua alikuwa akilisubiri jibu hilo tangu atoke kazini. Kuna pia maji ya kuoga: Wajapani hujisafisha kwanza nje ya beseni, kisha huingia kwa zamu katika maji yale yale ya moto, kwa hiyo swali la nani atangulie linaweza kuwatoa jasho watu wawili wasio ndugu. Na homa ikimpata mmoja, mwenzake atapika uji wa wali. Hilo halikosekani.

Kwa kuwa watu wazima wanahitaji sababu ya kukaa pamoja, waandishi wa karibuni wamependa ndoa ya makubaliano. Katika Spy x Family ya Tatsuya Endo, iliyoanza 2019, Loid ni jasusi anayehitaji mke kwa ajili ya kazi yake, na Yor ni muuaji wa kukodiwa anayehitaji mume ili asitiliwe shaka. Wanalala vyumba tofauti, kila mmoja akimficha mwenzake siri yake, na mtoto waliyemlea anasoma mawazo yao wote wawili.

Tsunami Umino alikwenda mbali zaidi katika manga aliyoianza 2012, Nigeru wa Haji da ga Yaku ni Tatsu, ambayo kituo cha televisheni cha Japani, TBS, kiliifanya tamthilia mwaka 2016. Mikuri, msomi aliyekosa ajira, anaolewa kwa mkataba na Hiramasa, mhandisi wa kompyuta, na analipwa mshahara kwa kazi za nyumbani. Wanapendana. Hiramasa anataka ndoa ya kweli, huku ameshapiga hesabu ya pesa atakazookoa mshahara ukikoma. Mikuri anakataa kunyonywa kwa jina la mapenzi. Katika tamthilia, wanakaa kitako kama wakurugenzi wenza wa nyumba yao na kugawana upya kazi zote, kuanzia kupika hadi kufagia.