Fredi Washington: mweusi aliyepakwa weusi

Kazi yangu ni mekapu ya filamu. Nikitazama filamu ya zamani, macho yangu hukimbilia shingoni na nyuma ya masikio, maana huko ndiko mafundi husahau. Hivyo ndivyo nilivyoanza kumfuatilia Fredi Washington, mwigizaji ambaye hata wapenzi wakubwa wa filamu wengi hawamjui kwa jina.

Alizaliwa Savannah, Georgia, mwaka 1903. Alikuwa Mmarekani mweusi, ila ngozi yake ilikuwa nyeupe kiasi kwamba asiyemjua angemwita mzungu. Mwaka 1933 aliigiza na Paul Robeson, mwigizaji mweusi, katika filamu ya The Emperor Jones. Wakaguzi wa Hollywood walipoona picha za mwanzo wakaingiwa na hofu: watazamaji wangedhani Robeson amemkumbatia mwanamke wa kizungu. Ikaamriwa apakwe rangi ya giza na picha zirudiwe.

Hapo niseme kidogo kifundi. Filamu ya nyeusi na nyeupe haijui rangi, inajua mwanga tu. Kila ngozi ni kijivu, na fundi alitakiwa kuushusha ukijivu wa Fredi: uso, shingo, masikio, mikono yote, hadi ndani ya nguo. Pakibaki upenyo mdogo, taa zitauwasha. Na rangi ya namna hiyo haitulii. Mwenzako akikushika mkono inamganda vidoleni, unapakwa upya. Mimi nimewapaka watu uzee, makovu, hata maiti. Lakini kumkalisha mwanamke mweusi kitini na kumpaka ili akubalike kuwa mweusi? Nikilifikiria, moyo unaniuma.

Mwaka 1934 akaigiza Imitation of Life ya John M. Stahl. Yeye ni Peola, binti anayejifanya mzungu. Mama yake anaigizwa na Louise Beavers. Kuna pale Peola yupo kwenye kaunta ya mgahawa, mama anaingia kumtafuta, naye anamkana mbele ya wateja, akiwauliza kama kweli anafanana na mtoto wa mama huyu. Fredi haombi huruma ya mtazamaji hata chembe. Kwangu mimi, ndiye anayeibeba filamu ile.

Alivaa uhusika vizuri mno hadi watu wakaamini Peola ni yeye, na ikabidi ajieleze magazetini kwamba anajivunia kuwa mweusi. Ajabu ni kwamba maishani alifanya kinyume kabisa. Angeweza kuficha asili yake akapata nafasi za wazungu. Alikataa. Nafasi walizopewa wanawake weusi zilikuwa za vijakazi, na kwa hizo alionekana mweupe kupita kiasi. Za mapenzi nazo hazikuwezekana, kwa kuwa kanuni za Hollywood zilipiga marufuku kuonyesha mapenzi kati ya mweusi na mzungu. Mwaka 1937, katika One Mile from Heaven, akapewa mama mweusi anayelea mtoto wa kizungu. Ngozi tena! Baada ya hapo hakuigiza filamu nyingine kubwa.

Mwaka huohuo alishiriki kuanzisha Negro Actors Guild, chama cha kuwatetea waigizaji weusi. Baadaye akahariri habari za sanaa katika gazeti la The People's Voice la Harlem, mtaa wa watu weusi jijini New York, akiandika waziwazi dhidi ya ubaguzi jukwaani na kwenye filamu. Imitation of Life iliporudiwa mwaka 1959, nafasi ile ya binti alipewa Susan Kohner, ambaye hakuwa mweusi. Fredi alifariki mwaka 1994 akiwa na miaka 90.

Ukitaka kumwona, anza na Black and Tan ya mwaka 1929, filamu fupi isiyofika hata dakika 20. Ni mnenguaji mgonjwa wa moyo, anapanda jukwaani ili bendi ya mwanamuziki wa jazi Duke Ellington ipate kazi. Hakuna anayemuuliza rangi yake. Anacheza mpaka anaanguka, na akiwa kitandani anamwomba Ellington ampigie wimbo wake, Black and Tan Fantasy.